Jinhua Watano na Akelo Wetu

Mtu akisimama katikati ya soko la Mahagi na kuita kwa sauti kuu, "Akelo!", hataitikiwa na mtu mmoja. Mwenye kuuza mihogo atageuka, mwenye samaki wa ziwani atageuka, msichana aliyetumwa chumvi atasimama, hata bibi mzee aliyeketi kivulini atainua kichwa atazame ni nani amwitaye. Sababu twaijua sote. Kwa Waalur jina hili halichaguliwi kwa kupenda kwa wazazi. Humfuata mtoto wa kike aliyezaliwa nyuma ya mapacha, kama Okelo limfuatavyo wa kiume. Na mapacha wenyewe wana majina yaliyowekwa tangu zamani, Opio au Apio kwa yule wa kwanza, Ocen au Acen kwa yule wa pili. Aliyezaliwa katika siku za dhiki aweza kuitwa Ocan au Acan. Jina laeleza namna mtoto alivyoingia duniani, na kwa kuwa watoto wengi huingia kwa mlango ule ule, wenye jina moja hawahesabiki. Vuka mpaka uende Nebbi na Pakwach, endelea kwa Waacholi na Walango, ufike hata kwa Wajaluo wa Kenya: Okelo utamkuta kila mahali.

Juma hili twataka kuwasimulia wasomaji wetu habari ya sinema moja ya China ambayo hadithi yake yote imesimama juu ya jambo hili la jina moja na watu wengi. Twajua kwamba vijana wa hapa, wakisikia sinema ya China ikitajwa, hufikiri mara moja watu warukao juu ya mapaa na kupigana mateke. Hii si ya jamaa hiyo. Ni sinema ya nyimbo, farasi, mikokoteni na mapenzi ya heshima, nayo huwachekesha watazamaji pasipo mtu kupigwa. Jina lake kwa Kichina ni Wu duo jinhua, yaani Maua Matano ya Dhahabu. Ilitengenezwa mwaka 1959 katika kiwanda cha sinema cha Changchun. Mwongozaji wake alikuwa Wang Jiayi, na hadithi iliandikwa na mume na mkewe, Wang Gongpu na Zhao Jikang.

Mambo yake yatukia Dali, katika mkoa wa Yunnan, kusini-magharibi ya China. Wenyeji wa huko ni Wabai, taifa dogo ndani ya taifa kubwa, wenye lugha yao, mavazi yao na sikukuu zao. Upande mmoja wana safu ya milima iitwayo Cangshan, upande mwingine ziwa la Erhai, na mashamba yao yamelala katikati. Mtu wa Mahagi, aliyezoea kulitazama Ziwa Albert kutoka juu ya mteremko, hatajiona mgeni kabisa mbele ya picha hizo. Na Wabai nao wana Akelo wao. Kwao Jinhua, maana yake ua la dhahabu, ni jina la wasichana wengi mno.

Kijana mmoja mhunzi, aitwaye A Peng, atoka kwao Jianchuan kwenda Dali kwenye soko kubwa la mwezi wa tatu. Soko hilo halikubuniwa na watu wa sinema. Ni la kweli, na la kale sana, nalo hufanyika kila mwaka katika mwezi wa tatu kwa hesabu ya Kichina. Watu huja kuuza dawa, farasi na vitu vya kila namna, na kushindana mbio za farasi. Njiani A Peng awakuta wasichana ambao mkokoteni wao umeharibika. Fundi hawezi kupita kitu kilichovunjika akakiacha. Awatengenezea, ingawa mbio za farasi zamngojea. Miongoni mwao yumo binti mmoja ambaye sura yake haimtoki tena moyoni. Baadaye wakutana penye Chemchemi ya Vipepeo, waimbiana nyimbo za kujibizana kama ilivyo desturi ya nchi ile, na binti amwambia kwamba, ikiwa moyo wake ni wa kweli, na arudi mwaka ujao. Jina lake nani? Jinhua. A Peng arudi kwao akiwa amejaa furaha, wala haimjii akilini kuuliza: Jinhua wa kijiji gani, binti wa nani, mwenye kazi gani?

Hapa mama zetu watatikisa kichwa. Kijana wa Kialur akirudi nyumbani na habari za namna hiyo, shangazi zake hawatamwacha anywe hata maji kabla ya kumwuliza maswali yote matatu, na mengine saba juu yake.

Mwaka wapita, na A Peng arudi. Safari hii aandamana na watu wawili waliotoka katika kiwanda kile kile cha Changchun, mchoraji na mwanamuziki, waliotumwa kukusanya nyimbo za wenyeji. (Twapenda ucheshi huu wa watengenezaji kujitia wenyewe katika hadithi na kukubali kuchekwa pamoja na wengine.) Ndipo taabu inapoanza. A Peng auliza, na kila aulizwaye ajibu kwa uso mkunjufu, "Jinhua? Tunaye, naam, njoo nikupeleke!" Apelekwa kwa Jinhua akusanyaye mbolea. Siye. Apelekwa kwa Jinhua wa mifugo. Siye. Yuko Jinhua wa tanuru la chuma, na yuko Jinhua aendeshaye trekta, nao pia sio. Asikia habari ya harusi ya Jinhua, na moyo wake wavunjika kabisa, mpaka atambue kwamba bibi harusi ni mwingine. Yule amtafutaye ni Jinhua wa tano, makamu wa mkuu wa jumuiya ya wakulima, mtu mwenye shughuli nyingi, ambaye kila A Peng afikapo mahali ameondoka. Mwisho wakutana tena penye chemchemi, na Jinhua wote watano wapo.

Tumeitazama hadithi hii tukajiuliza nguvu yake yatoka wapi, kwa maana ukiisimulia kwa maneno machache yaonekana nyepesi kama pamba. Twaona jibu moja katika wale waongozao njia. Hakuna mwongo hata mmoja katika sinema hii. Hakuna mwenye hila, hakuna mchawi, hakuna tajiri mbaya atakaye kumnyang'anya maskini mchumba wake. Taabu yote ya A Peng yaletwa na ukarimu. Kila mtu katika kijiji chake amjua Jinhua mmoja, kwa hiyo kila mmoja aamini kwamba Jinhua ni huyo, ajibu upesi na kumshika mgeni mkono. Kama wangalikuwa watu wasiojali, A Peng angalifika mapema zaidi.

Tena jambo jingine. Hao Jinhua wanne wa kwanza si vivuli vya yule wa tano. Kila mmoja ana kazi yake, sauti yake, na namna yake ya kumtazama kijana huyu mgeni aliyemjia mbio kisha akasimama na kuona haya. A Peng asema moyoni, "Siye." Lakini huyo asiye yeye ni mtu kamili, na kwa watu wake ndiye Jinhua wa pekee. Mtazamaji aanza kwa kumhurumia A Peng, kisha polepole awapenda wasichana wote watano, na hilo ndilo fungu la sinema tunalolisifu kuliko nyimbo zake, ingawa nyimbo zenyewe ziliimbwa katika China nzima.

Chemchemi ya Vipepeo nayo ni mahali pa kweli, chini ya milima ya Cangshan. Wabai husimulia kwamba zamani msichana maskini na mchumba wake, mwindaji, walifukuzwa na bwana mkubwa aliyemtaka msichana kwa nguvu. Walipoona hawana njia wakajitosa katika maji yale, na kutoka humo wakaruka vipepeo wawili. Msafiri mashuhuri wa China, Xu Xiake, aliyefika nchi ile mwaka 1639, aliandika kuhusu vipepeo walioshikana na kuning'inia kwa mistari kutoka mtini mpaka juu ya maji. Basi, wachumba wa sinema wamewekwa mahali ambapo wachumba wa kale walikufa. Mtazamaji wa Kibai alijua hilo tangu mwanzo pasipo kuambiwa, na kicheko chake kilikuwa na hofu kidogo ndani yake.

Sisi nasi tunayo hadithi ya kosa dogo, ila yetu haikuishia kwenye harusi. Wazee wa Kialur husimulia habari za Gipir na nduguye Labongo. Tembo aliingia shambani. Gipir katika haraka yake alishika mkuki uliokuwa karibu, akamchoma tembo, na tembo akakimbia nao. Mkuki ule haukuwa wake, ulikuwa wa nduguye. Gipir alitaka kulipa mwingine, hata mingi, lakini Labongo alikataa: autaka ule ule. Gipir akaenda mbali porini kwa taabu kubwa, akaurudisha, na pamoja nao akaja na shanga alizopewa na bibi kizee wa huko. Siku nyingine mtoto mchanga wa Labongo akameza ushanga mmoja. Gipir naye akasema autaka ule ule. Mjuao hadithi mjuavyo mwisho wake: mtoto alipasuliwa tumbo, na ndugu wakaachana karibu na Pakwach, kando ya Nile, wakichimbia shoka kuwa alama ya kutorudiana. Wachukuliwao kuwa wazao wa Gipir wakaja upande huu wa magharibi.

Tazama basi namna hadithi hizi mbili zinavyofanana na kuachana. Katika zote mbili mtu ashika kisicho chake kwa kuwa chafanana na chake, au ana haraka, au hakuuliza. Huko Dali aliyekosewa acheka, amwonyesha mgeni njia ya kwenda kwa mwingine. Kwetu, aliyekosewa alisema: ule ule, wala si mwingine.

Ni haki kusema pia kwamba Kongo ilipata sinema zake za kuchekesha mapema, na kwamba wamisionari walikuwa na mkono katika jambo hilo. Katika miaka ya 1950 Padri Albert Van Haelst wa shirika la Scheut alipiga huko Kasai mfululizo wa picha za Matamata na Pilipili, mmoja mnene na mwingine mwembamba, ambao watu wamewafananisha na Laurel na Hardy. Walipendwa sana. Zilikuwa picha za mafundisho, na mara nyingi kicheko kilielekezwa kwa mtu mmoja ili wengine waone asivyofaa kuigwa. Hatuzidharau, zilikuwa za wakati wake, na waigizaji wake walikuwa na kipaji cha kweli. Lakini kumcheka mtu kwa ujinga wake ni kitu kimoja, na kucheka kwa kuwa watu wote wema wamepotea njia pamoja ni kingine. Katika Maua Matano hakuna anayetoka akiwa mjinga.

Sasa hatuna budi kusema neno lililo gumu. Sinema hii ilitengenezwa ili itoke kwa sikukuu ya mwaka wa 10 wa serikali ya Mao Zedong, na wakuu walitaka picha nyepesi ya kuonyesha furaha ya watu. Ndiyo maana kila Jinhua ana kazi ya kusifiwa: mbolea, mifugo, chuma, trekta, uongozi wa jumuiya. Hizo ndizo kazi za ile amri iliyoitwa Kuruka Mbele kwa Hatua Kubwa, iliyoanza 1958, ambapo mashamba yalitiwa katika jumuiya kubwa na wakulima wakaambiwa wayeyushe chuma katika matanuru ya vijijini. Kwenye kitambaa cha sinema twaona ghala zimejaa na mashavu yamenona. Nje ya sinema, katika miaka ile ile ya 1959, 1960 na 1961, njaa iliua mamilioni ya watu katika China, na Yunnan haikuepuka. Msomaji akiitazama leo, na ajue hivyo. Hatusemi kwamba nyimbo zake zimekuwa mbaya kwa sababu hiyo, wala kwamba waigizaji walikusudia kudanganya. Twasema tu kwamba meza ile iliyoandaliwa katika picha, watu wengi waliokuwa wakiitazama hawakuwa nayo nyumbani.

Na aliyelipa kwa ajili ya kicheko hicho alikuwa msichana mwenyewe. Jinhua wa tano aliigizwa na Yang Likun, mwana wa taifa la Wayi, taifa jingine dogo la Yunnan. Alikuwa mchezaji wa ngoma katika kundi la mkoa, mwenye umri wa miaka kama 17 tu alipochaguliwa. Mwaka 1960 ilifanyika Cairo, hapa katika Afrika yetu, sherehe ya pili ya sinema za Asia na Afrika. Wang Jiayi akapewa tuzo ya mwongozaji bora na Yang Likun tuzo ya mwigizaji bora wa kike, Tai wa Fedha. Ni jambo la kupendeza kukumbuka kwamba heshima yake ya kwanza ya kimataifa aliipata juu ya udongo wa bara hili, ukingoni mwa mto ule ule ambao maji yake hutoka katika Ziwa Albert na kupita Pakwach.

Mwaka 1964 alicheza sinema ya pili, Ashima, iliyotokana na hadithi ya kale ya watu wa Yunnan. Haikuruhusiwa kuonyeshwa kwa watu. Mwaka 1966 yakaanza yale yaliyoitwa Mapinduzi ya Utamaduni, na Maua Matano ya Dhahabu nayo ikapigwa marufuku. Walioisifu jana wakasema leo kwamba ni sumu, kwa kuwa ilishughulika na mapenzi ya kijana na msichana. Yang Likun akashtakiwa mbele ya watu, akatukanwa, akateswa, mpaka akili yake ikaharibika. Huyu ndiye msichana ambaye watu walimfahamu kwa uso wa kucheka. Uso ulikuwa ule ule. Walilobadili ni jina: walimwita adui, na baada ya kumpa jina hilo hakuna aliyehitaji kuuliza neno jingine.

Hakupona tena kabisa. Hata hivyo aliolewa mwaka 1973, na mumewe akamtunza. Akazaa watoto wawili wa kiume, tena mapacha. Huku kwetu tungalijua majina yao kabla ya kuambiwa. Sinema zake zilifunguliwa tena katika miaka ya mwisho ya 1970, watu wakajaza majumba kuzitazama, lakini yeye hakucheza tena nyingine. Alifariki mwaka 2000.

Habari za kupewa na kunyang'anywa majina si ngeni katika Kongo. Wazazi wetu walipobatizwa walipata jina la mtakatifu, na pamoja na faida yake ya kiroho jina hilo lilikuwa na faida moja ya kila siku: Jean Okelo aliachana na Pierre Okelo. Mwaka 1972 serikali ya Mobutu iliyafuta majina hayo ya kigeni, na padri aliyembatiza mtoto kwa jina kama hilo aliweza kushtakiwa. Kardinali Malula alipinga, akalazimika kukaa nje ya nchi kwa muda. Gazeti la Kikatoliki la Afrique Chrétienne lilisimamishwa. Basi kwa siku moja Jean na Pierre wakawa Okelo na Okelo. Ndipo watu wakaongeza jina la pili nyuma ya la kwanza, la babu au la ukoo, na desturi hiyo imebaki hata baada ya majina ya ubatizo kurudi mwaka 1990. Ndiyo sababu leo Mkongomani ajazapo karatasi huandika majina matatu, na karani huyachanganya yote matatu.

Ongeza mpaka. Upande wetu wengi huandika jina hili kwa U, Ukelo. Upande wa Uganda huandikwa Okello, kwa L mbili. Mtu na binamu yake, wajukuu wa babu mmoja, waonekana katika karatasi kama watu wa mataifa mawili, na watu wawili wasiojuana kabisa waonekana kama mtu mmoja. Kwa watu wengi kadi ya uchaguzi ndiyo kitambulisho pekee walicho nacho. Ikiwa herufi moja yake haipatani na cheti cha shule au cha ubatizo, mwenye kadi aweza kuzunguka majuma mengi akieleza kwamba yeye ni yeye.

Twawaomba wazazi wasituone kuwa wachokozi tukiligusa jambo la uchumba. Simu ya mkono imewapa vijana wetu chemchemi ya vipepeo kila mahali. Mvulana wa Djukoth asalimiana kwa simu na msichana wa Anghal, au wa ng'ambo ya mpaka, wazungumza miezi mitatu, ukimwuliza ni nani, ajibu, "Akelo." Akelo yupi? "Akelo wangu." Na huku kwetu swali hilo si la udadisi tu. Mtu haoi katika ukoo wake mwenyewe, na jina la Akelo halisemi lolote juu ya ukoo. Laweza kuwa la dada yake pasipo yeye kujua. Kwa sababu kama hiyo ndoa hutangazwa kanisani kwanza, majina ya wachumba yakisomwa pamoja na majina ya wazazi wao na vijiji vyao, ili mwenye neno aseme. Wapo vijana waonao matangazo hayo kuwa ni kupoteza wakati. Hebu wamfikirie A Peng, aliyezunguka ziwa zima kwa kukosa kuuliza jambo ambalo tangazo moja lingalimwambia.

Lipo na swali lingine la jina, ambalo hatulitaji kwa kucheka. Katika vita vya Ituri, tangu 1999 mpaka 2003, watu walisimamishwa njiani wakaulizwa kabila lao, na wengi waliuawa kwa jibu lao, au kwa sura iliyodhaniwa kuwa ya kabila fulani. Tangu mwisho wa 2017 mauaji yamerudi katika Djugu, na Mahagi nayo imeonja. Aliyesimama kwenye kizuizi na panga mkononi alidhani amjua mtu kwa neno moja. Wale wazee wa Dali wa katika sinema nao walidhani wamjua Jinhua kwa neno moja. Walipoona wamekosea walimpa mgeni chai, wakamwambia ajaribu kijiji cha pili. Kwenye kizuizi hapakuwa na kijiji cha pili.

Tumesikia wasomaji wakiuliza kama sinema hii yafaa kutazamwa na watoto. Yafaa. Hakuna ndani yake jambo la kumwaibisha mama mbele ya wanawe. Maneno ni ya Kichina, lakini mtoto wa miaka 8 ataielewa hadithi pasipo mfasiri, na akimaliza atawauliza wazazi kwa nini binti hakusema jina la baba yake. Mjibuni mwezavyo.

Wageni waendao Dali siku hizi ni wengi, na wengi wao wameijua Dali kwa sinema hii. Chemchemi ya Vipepeo imezungushiwa bustani, na wageni hulipa ili waingie. Wanawake wa Kibai wawaongozao wageni hao, waliovaa nguo nyeupe na nyekundu na vilemba vyenye nyuzi za kuning'inia, wote huitwa Jinhua, awe ameitwa hivyo na mama yake au sivyo; na wanaume wote huitwa A Peng. Hadithi ilianza kwa kuwa Jinhua walikuwa watano. Mhunzi wa Jianchuan akirudi leo penye chemchemi na kuita jina lile, ataitikiwa na mji mzima.